Kuhusu yule Juan de Pareja

Kaka mambo vipi,

Natumai mko poa huko na shemeji na watoto wote, sisi huku tupo tunasukuma siku, joto tu ndo linatutesa. Juzi uliniuliza kama kati ya wale wachoraji wakubwa wa Ulaya wa enzi za kina Rubens na Rembrandt kulikuwa na mtu mweusi hata mmoja, nikakujibu yupo, halafu simu ikakata. Sasa ngoja nikuandikie kwa kirefu maana huyu mtu nimemsoma sana na bado sijamaliza kumuwaza.

Anaitwa Juan de Pareja. Alizaliwa Antequera, kusini mwa Hispania, mwanzoni mwa miaka ya 1600, ana asili ya Afrika, na alikuwa mtumwa. Bwana wake ni Diego Velázquez, yule yule mchoraji wa mfalme Philip IV, yule wa ile picha ya Las Meninas ambayo kila kitabu cha sanaa lazima kiiweke. Usishangae, Hispania ya wakati ule mchoraji kumiliki mtu lilikuwa jambo la kawaida, hata mchoraji Murillo wa Seville alikuwa na watumwa. Hao watu ndo walikuwa wanasaga rangi, wanatandaza turubai na kuzipaka ile rangi ya kwanza ya chini, yaani kazi zote ambazo wewe unazijua zinavyochosha, halafu jina linalobaki ni la mwingine.

Ukimtafuta mtandaoni kitu cha kwanza kitakachokujia ni picha ambayo Velázquez alimchora wakiwa Roma mwaka 1650. Walikuwa wamekwenda Italia kununua sanamu na picha kwa ajili ya mfalme, na Velázquez alikuwa anajiandaa kumchora Papa Innocent X, akaona anyooshe mkono kwanza kwa mtu wa nyumbani. Kaka ile picha ni hatari. Pareja amesimama mkono mmoja umepita mbele ya tumbo umeshika joho, shingo imenyooka, anakutazama moja kwa moja bila kushusha macho, ukikutana na jicho lake unahisi wewe ndo unayekaguliwa. Halafu sogeza karibu uangalie kola. Ukiwa mbali unaapa ni lesi, kila tundu unaliona, ukisogea unakuta ni mipigo michache ya rangi nyeupe nzito iliyopakwa haraka haraka tu, hakuna lesi hapo, jicho lako ndo linaifuma. Huo ndo ufundi wa Velázquez, haelezi kila kitu, anakuachia kazi na wewe. Wengi wa kabla yake wangekaa wiki nzima wanahesabu nyuzi.

Picha hiyo ilitundikwa Pantheon, lile jengo la kale la Roma, tarehe 19 Machi 1650, sikukuu ya Mtakatifu Yosefu, kwenye maonyesho ya wasanii, na yule mwandishi Palomino aliyeandika maisha ya wachoraji wa Hispania anasema wasanii wa mataifa mbalimbali walikubaliana kwamba nyingine zote ni picha ila hii ni kweli yenyewe. Miaka 320 baadaye, Novemba 1970, ikapigwa mnada London ikauzwa zaidi ya pauni milioni mbili, picha ya kwanza kuvuka milioni moja ya pauni mnadani, ikaenda kukaa Metropolitan Museum, New York.

Hapa ndo naanza kuchemka. Wakati picha inashangiliwa Pantheon, mwenye sura ile bado ni mali ya mtu. Hati ya kumwacha huru Velázquez aliisaini Roma tarehe 23 Novemba mwaka ule ule, miezi minane baada ya sifa zote zile, na siyo kwamba aliachiwa siku ile, hapana, iliandikwa kwamba atatumikia miaka minne mingine, na asitoroke wala asifanye kosa la jinai. Kwa hiyo uhuru wenyewe ni mpaka 1654. Mimi Velázquez namheshimu mno kama mchoraji, nadhani hajatokea wa kumzidi katika kuchora mtu akaonekana anapumua, ila hiyo miaka minne siwezi kuipita kimya kimya. Aliyeuona utu wa Pareja kuliko mtu yeyote, mpaka akauweka kwenye turubai ukabaki hai hadi leo, ndiye huyo huyo aliyeandika aendelee kumtumikia.

Kuna stori tamu Palomino aliiandika mwaka 1724, utaikuta kila mahali. Eti Pareja alijifunza kuchora kwa siri usiku bwana wake asijue, kisha akaegemeza picha yake ukutani ikiwa imegeuzwa, kwa sababu mfalme alikuwa na tabia ya kugeuza kila picha anayoikuta hivyo studio, mfalme akaigeuza, akaipenda, Pareja akapiga magoti kuomba asamehewe, na mfalme akasema mwenye kipaji hiki hawezi kuwa mtumwa. Inapendeza kusimulia ila siyo hivyo ilivyokuwa. Ile hati ya Roma ilikuja kupatikana na kuchapishwa mwaka 1983 na inaonyesha wazi kwamba mfalme hakuhusika. Na mimi hiyo stori siipendi hata kama ingekuwa kweli, kwa sababu inamfanya Pareja mtu wa kubahatisha huruma ya wakubwa. Huyu alikuwa anajua kusoma na kuandika, alisaini nyaraka za Velázquez kama shahidi, kazi za studio alizijua kutoka kusaga rangi mpaka mwisho. Alikuwa fundi kabla hajawa huru.

Sasa ninachotaka hasa ukiangalie wewe ni kazi yake mwenyewe, maana watu wengi wanaishia kwenye picha ya Velázquez wanafunga. Mwaka 1661, Velázquez ameshafariki mwaka mmoja nyuma, Pareja akachora Wito wa Mtakatifu Mathayo, iko kwenye jumba la makumbusho la Prado, Madrid. Ni kubwa, upana wake unavuka mita tatu. Kisa unakijua kutoka kanisani, Mathayo mtoza ushuru yuko mezani na hela zake, Yesu anakuja anamwita. Mchoraji wa Italia, Caravaggio, alishachora kisa hiki hiki Roma kwenye kanisa la San Luigi dei Francesi mwaka 1600 hivi, akakiweka kwenye chumba cha giza na mwanga unaokata ukutani. Pareja hakufuata giza hilo, na hakumwiga bwana wake pia, hakuna zile rangi za kijivu za Velázquez wala ule upakaji wa kuachia achia. Yeye kaijaza: zulia la nakshi juu ya meza, vito na sarafu zimetapakaa, nguo za kila rangi, watu wengi, ndivyo wachoraji wa Madrid wa kizazi chake walivyokuwa wanapenda. Kuna waandishi wa zamani waliomdharau kwa hilo, wanasema hakufikia ufundi wa mwalimu. Mimi naona hawakumtendea haki. Mtu ametumika miaka yote ndani ya studio ya fundi mkubwa kuliko wote halafu akitoka anachora kwa mkono wake, hilo siyo jambo dogo.

Na upande wa kushoto kabisa, pembeni, amesimama yeye. Amevaa vizuri, anakutazama wewe siyo Yesu, na mkononi ameshika karatasi yenye jina lake. Ukilinganisha na picha ya Roma utaona kajichora ngozi imepauka zaidi na pua imenyooka zaidi. Hilo liliniuma, nilikaa nalo siku kadhaa, ila sitaki kumhukumu mtu aliyezaliwa kwenye mji ule na hali ile. Lile jicho lakini ni lile lile.

Kuna mtu mwingine mjue pia, Arturo Schomburg, Mweusi mzaliwa wa Puerto Rico aliyeishi New York akakusanya vitabu na kumbukumbu za watu weusi. Mwaka 1926 alipouza mkusanyiko wake kwa maktaba ya jiji, hela ile akasafiria Ulaya, na Hispania akamtafuta Pareja mpaka akasimama mbele ya hiyo picha ya Mathayo. Mwaka 2023 Metropolitan walipoandaa maonyesho ya Pareja kama mchoraji kwa haki yake, na Schomburg wakampa nafasi yake humo.

Basi ingia tovuti ya Prado, picha wanaiweka kubwa unaweza kuvuta mpaka uone mipigo ya brashi. Anza na ile meza, halafu uniambie wewe unayeshika brashi kila siku, zile sarafu unadhani amezichora moja moja au amepaka rangi kwanza akaja kuzichonga kwa mwanga, maana mimi bado nabishana na nafsi yangu. Nisalimie shemeji sana.

Wako,
ndugu yako wa siku zote