Barua kwa Rehema aliyeko Budapest

Morogoro, Jumapili jioni

Ndugu yangu Rehema,

Salaam nyingi. Huku wazima, mama anakusalimu, na Bibi Tatu bado anauliza kama huko unakula ukashiba. Habari za harusi ya Mwanaidi nitakupa, lakini ngoja kwanza, nina shida na wewe.

Kwenye mkutano wa watumia maji, mzee mmoja kasimama akasema ule msitu wa juu kabisa, kwenye kilele cha Bondwa hapa Uluguru, ni wa bure: miti mifupi, imejipinda, mbao haitoi, bora ulimwe maharage. Watu wakapiga makofi! Sikuweza kunyamaza. Nikawaeleza habari za Profesa Tamás Pócs, Mhungaria aliyefundisha hapa hapa Morogoro mwanzoni mwa miaka ya 1970, kitivo cha kilimo kikiwa bado chini ya Chuo Kikuu cha Dar es Salaam. Hakuna aliyemjua, na hilo limeniuma mno.

Mtu alikuwa ameshafanya kazi Vietnam, akaja Uluguru, na badala ya kuishia kwenye maua ya kupendeza akashughulika na vile vimea laini kama sufi vinavyofunika magome na matawi, ambavyo sisi tunavipangusa tupate pa kushika. Akavikusanya, akavipima uzito, akapima na maji yanayokaa ndani yake. Msitu wa chini kidogo, mita 1,400 na kitu, alikuta kama tani 2 za mimea inayoota juu ya miti, ikishakaushwa, kwa hekta. Juu, mita 2,120, kwenye hiyo hiyo miti iliyopinda, tani 14! Mvua moja ikinyesha, hekta moja ya huko inashika yapata lita 50,000 kwenye mimea hiyo tu. Aliyachapisha hayo mwaka 1980. Sasa ukifyeka uweke maharage, maji hayo yatashikwa na nini? Na Dar nao wanakunywa maji ya mto Ruvu, unaotoka milima hii hii.

Mwanaidi alipendeza, mama mkwe alilia tangu asubuhi, na Juma... Juma nitakusimulia kwa simu.

Turudi kwa yule mzee. Aliniuliza, "Ushahidi uko wapi?" Ni swali la haki, na ndiyo sababu nakuandikia. Sehemu kubwa ya mikusanyo ya Pócs ipo Eger, kwenye chuo alichofundisha huko kwao. Vimea hivyo havibandikwi kwenye karatasi kubwa. Hukaushwa na kuwekwa ndani ya bahasha ndogo, juu imeandikwa mahali, mwinuko na tarehe. Nataka picha ya bahasha moja tu yenye jina la Bondwa. Mzee aone kwamba kitu cha mlimani kwake kimetunzwa Ulaya miaka yote hii, wakati yeye anataka kukichoma moto.

Utaweza kufika Eger? Treni ni ghali? Chuoni kwako kuna mtu wa botania wa kukuandikia barua ya utambulisho, maana huwezi kubisha hodi tu? Na Kihungaria kimefikia wapi, unaweza kuomba mwenyewe? Mkutano mwingine ni baada ya mavuno, kwa hiyo nijibu mapema hata kama jibu ni hapana. Na wewe baridi unaivumiliaje? Lile koti la Mama Asha lilikufaa?

Wako,
Zawadi