Barua ya wazi kwa vijana wetu mlio ughaibuni: yule bibi na shuka lenu

Wajukuu zangu,

Nawasalimu nyote, wa Minnesota, wa Leicester na wa Muscat. Mwezi uliopita chama chenu kilileta vitanda vinne na shuka kwenye kituo chetu cha afya. Mungu awalipe. Lakini nilikuwepo. Nilimwona bibi aliyelazwa kwa kifua akiinuliwa kitandani mara tatu, ashike shuka ili bango lenye jina la chama lionekane nyuma yake. Mara ya tatu kitenge kilimdondoka. Badala ya kumfunika, mpiga picha alisema, "Subiri kidogo, mama." Tangu siku ile sina raha.

Ninyi ni wahamiaji, basi niwaeleze habari za mhamiaji mwenzenu. Jacob Schiff alikuwa Myahudi, mzaliwa wa Frankfurt, Ujerumani, mwaka 1847. Alifika New York mwaka 1865, bado kijana wa miaka 18. Miaka 20 baadaye alikuwa ndiye mkuu wa benki ya Kuhn, Loeb & Co. Alitafutia mitaji kampuni kubwa za reli za Marekani. Japani ilipopigana na Urusi mwaka 1904 na 1905, aliisaidia kupata mikopo ya dola zipatazo milioni 200, kwa sababu alimchukia mfalme wa Urusi kwa mateso waliyoyapata Wayahudi kule. Hakuwa malaika. Alikuwa mkali, na mwaka 1901 vita vyake na wenzake vya kugombea hisa za reli ya Northern Pacific vilitikisa soko zima, wakaumia watu wasiohusika.

Ila katika kutoa, mtu huyu alijua adabu. Kulikuwa na hospitali iitwayo Montefiore, ya wagonjwa ambao hospitali nyingine ziliwakataa kwa kuwa hawaponi. Schiff alikuwa rais wake kwa miaka 35. Angeweza kutuma hundi akakaa ofisini. Alikwenda mwenyewe, kila wiki, akaketi na wagonjwa. Tajiri ambaye dakika zake zilikuwa fedha! Tena jina lililokaa mlangoni si lake, ni la mzee mwingine wa Kiyahudi wa Uingereza. Alipotimiza miaka 50 Marekani alikipa chuo cha wanawake cha Barnard dola 500,000, wakajenga jengo. Lilipofunguliwa liliitwa Students' Hall, yaani jengo la wanafunzi. Hebu niambieni, ninyi mngeliitaje?

Katika dini yao ya Kiyahudi, mwanazuoni wa zamani aitwaye Maimonides aliyapanga matoleo kwa daraja nane. Karibu na kileleni ni pale mtoaji na mpokeaji wasipojuana. Juu kabisa ni kumwezesha mtu asimame mwenyewe, asiombe tena. Wazee wetu nao walisema kutoa ni moyo, usambe ni utajiri. Moyo hauhitaji bango.

Mengine ya Schiff nayataja tu. Alitenga fungu la kumi la mapato yake. Muuguzi Lillian Wald alipotaka kuwatibu maskini wa New York majumbani mwao, alimnunulia nyumba mtaa wa Henry mwaka 1895, akawa anasoma taarifa zake. Aligharamia mpango wa Galveston, Texas, uliopokea wahamiaji wapatao 10,000 kati ya 1907 na 1914 na kuwatafutia kazi bara. Someni wenyewe.

Wala sisi wazee hatuna pa kujificha. Harambee zetu ndizo zilizowafunza. Tunasoma majina kwenye kipaza sauti, mwenye laki anapigiwa vigelegele, mjane mwenye elfu mbili anapita pembeni akiona haya. Msikitini hivyo, kanisani hivyo. Mlikua mkiyaona hayo, na mimi mara nyingi nilikuwa mshika kipaza sauti. Nisameheni kwa hilo.

Sisemi msilete tena. Leteni. Hesabu za chama zisomwe kwa wanachama, senti kwa senti, na picha za vitanda vitupu zinatosha kuonyesha fedha ilikokwenda. Zile picha za bibi zifuteni leo, kwenye kurasa zote.

Bado yumo wodi ya wanawake, kitanda cha dirishani. Anapenda uji wa ulezi na kusimuliwa habari za mbali. Mkija Desemba nitawapeleka kwake, wawili wawili, na simu mtaniachia mimi nje.

Babu yenu,
mwalimu mstaafu