Barua ya wazi kwa Mkurugenzi wa Halmashauri: zilazeni taa za stendi

Ndugu Mkurugenzi,

YAH: TAA ZA STENDI MPYA NA KITUO CHA KUTAZAMIA NYOTA

Tafadhali husika na kichwa cha habari hapo juu.

Sisi watunzaji wa kituo cha kutazamia nyota kilichopo kilimani tunaandika hadharani kwa sababu barua yetu ya awali kuhusu taa hizi iligongwa muhuri wa kupokelewa masjala na mpaka leo haijajibiwa. Tena, kwenye kikao cha kata, ofisi yako iliahidi kwamba taa za stendi hazitawashwa kabla mhandisi hajapanda kilimani kuona mwanga wake utaelekea wapi. Wiki iliyopita zimewashwa. Mhandisi hajapanda.

Stendi iko kusini mwa kilima, na kusini ndiko iliko hazina ya kituo hiki. Msalaba wa Kusini, kundi la nyota la Omega Centauri na Mawingu ya Magellan hupita upande huo. Wingu Kubwa la Magellan, ambalo ni galaksi jirani yetu, kwa hapa tulipo halipandi zaidi ya nyuzi 30 hivi juu ya upeo wa macho hata likifika kilele chake. Ulaya haionekani kabisa. Mwaka 1987 nyota iliyolipuka ndani yake ilionekana kwa macho matupu, na Ulaya yote ikaikosa. Watoto wa shule za kata hii wangeweza kuitazama galaksi hiyo bila kulipa nauli ya kwenda popote. Sasa mahali pake pana weupe wa taa.

Vichwa vya taa vimeinuliwa. Tunadhani mkandarasi aliviinua ili mwanga ufike barabara ya kuingilia, badala ya kuongeza nguzo fupi pale getini. Taa ya aina hii ikilala sawa, kioo kikitazama ardhi, hakuna mwanga wake unaopita juu ya upeo. Ikiinuliwa, sehemu ya mwanga huondoka karibu sambamba na ardhi, na huo ndio mbaya kuliko unaokwenda juu wima, kwa kuwa hupita kwenye hewa ndefu na kusambaa mbali. Kiangazi, vumbi na moshi wa mashamba vikitanda, hali huzidi, na kiangazi ndio msimu wetu mkuu, kwani kuanzia Juni hadi Agosti kitovu cha Njia Nyeupe, yaani galaksi yetu, hupita juu sana usiku.

Rangi nayo ina makosa yake. Taa nyeupe za LED zina kilele cha mwanga wa buluu kwenye urefu wa wimbi wa nanomita 450 hivi. Hewa safi husambaza mwanga huo karibu mara tatu zaidi ya mwanga wa rangi ya chungwa wa nanomita 600. Ndiyo maana sisi tuliomba taa za kelvini 2,200 (kipimo cha rangi ya mwanga: namba ikiwa ndogo, buluu hupungua), au 2,700 kama zile hazipatikani, na tukasisitiza zisivuke 3,000. Zilizofungwa zina weupe wa samawati, na yeyote anaweza kuuona akisimama barabarani.

Hasara yake inapimika. Kipimo cha giza la anga, ambacho hupimwa kwa magnitudo kama mng'aro wa nyota, kikishuka kwa 0.75 tu, anga limekuwa angavu maradufu, na picha ya nyota hafifu inahitaji muda maradufu ili iwe na ubora uleule. Nyota inayobadilika mwanga haraka haingoji muda huo, kwa hiyo kipimo chake kinapotea moja kwa moja. Hata bila darubini, wahenga walisema Kilimia kikizama kwa jua huzuka kwa mvua, na waliweza kusema hivyo kwa sababu walikiona. Kati ya nyota sita za kundi hilo zinazoonekana kwa urahisi, zile hafifu zaidi ndizo humezwa kwanza na anga lenye taa.

Hatuombi giza stendi. Mama lishe, abiria wa alfajiri na madereva wa bodaboda wanahitaji kuona njia, nasi tunapita hapohapo. Lakini taa iliyoinuliwa humpiga dereva machoni, na nyuma ya kila basi huacha kivuli kizito. Na mwanga unaotorokea angani umelipiwa umeme, kisha hauangazi hata mita moja ya lami.

Kazi yenyewe ni ya fundi umeme mmoja na msaidizi. Nguzo ina winchi. Umeme ukatwe na swichi ifungwe kwa kufuli, pete ya taa ishushwe kwa waya wake wa chuma, boliti za mabano zilegezwe, kila kichwa kilazwe na kukaguliwa kwa pima maji, kisha boliti zikazwe. Waya wa ethi uangaliwe, maana ndio husahaulika kichwa kinapogeuzwa. Kama kona ya stendi itabaki na giza, vichwa visiinuliwe tena. Iongezwe nguzo ya mita sita hapo, au zifungwe taa zinazotupa mwanga upande mmoja huku kioo kikiwa kimelala. Kofia za bati zikiwekwa kuzuia mwanga, zisizibe mapezi ya kupoza joto mgongoni mwa taa, la sivyo LED zitakufa mapema.

Tena, taa zikiwa zimegawanywa kwenye fezi tatu, taima na kontakta (swichi inayoendeshwa kwa umeme) zinatosha kuzima baadhi yake baada ya saa sita usiku, basi la mwisho likishaondoka.

Afrika Kusini ina sheria ya mwaka 2007 ya kulinda maeneo yake ya kutazamia nyota. Mji wa Flagstaff, Marekani, ulianza kudhibiti taa mwaka 1958, na bado ni mji wenye barabara, maduka na stendi.

Kubadilisha rangi kunahitaji vichwa vipya, na tunajua bajeti imeshapita. Rangi ingoje. Taima ingoje pia ikibidi. Kulaza vichwa hakuhitaji kununua kitu. Ndugu Mkurugenzi, tunaomba hilo moja: mumtume fundi kabla mwezi mwandamo haujaandama tena, vichwa vilazwe, na tujibiwe kwa maandishi ni siku gani atakuja. Ngazi na pima maji tunazo, na tutakuwepo.

Wako katika ujenzi wa Taifa,
Watunzaji wa kituo cha kutazamia nyota

Nakala: Mhandisi wa Halmashauri, Mtendaji wa Kata