Barua kwa mwanangu, usiku wa mwisho wa P ya kijani

Mwanangu mpendwa,

Ni saa tano na nusu usiku, wewe umeshalala. Nimetoka nje na tochi ya simu nikavitoa kwenye gari vile vibao viwili vya P ya kijani, alama ya dereva aliye bado kwenye majaribio. Cha mbele kilitoka mara moja. Cha nyuma kilikuwa kimegandiana na matope ya mashambani, ikabidi nikipitishie kucha polepole pembeni, kama mtu anayebandua plasta kwenye kidonda cha mtoto. Sasa viko mezani mbele yangu. Ikigonga saa sita, miaka yako minne imetimia: mmoja wa kibao chekundu, mitatu ya kijani. Hakuna mtihani mwingine wala foleni ya kupanga. Muda ukitimia na leseni haijasimamishwa, wanakupandisha wenyewe, na kadi ya leseni kamili inakuja kwa posta.

Nakuandikia kwa sababu mdomo wangu kwako umezoea kuagiza tu. Washa gari. Pitia unga. Mchukue mdogo wako. Haya mengine yananikwama kooni, na usiku huu nimeona heri niyaweke kwenye karatasi.

Wewe ulizaliwa kwenye kambi ya wakimbizi ya Nyarugusu, na kule gari lilikuwa kitu cha watu wengine. Land Cruiser nyeupe za mashirika, malori ya mgao, basi. Sisi tulikuwa na miguu, na siku njema baiskeli ya jirani. Ulipokuwa na miaka sita ulijitengenezea gari la waya, magurudumu umeyachonga kwa kandambili zangu zilizokatika, na usukani mrefu uliofika kifuani. Ulilisukuma kutoka mlangoni hadi bombani, na kila kona ulisimama, ukatazama kulia, ukatazama kushoto, ndipo ukapita. Hakuna aliyekufundisha. Kwenye kona zile hakukuwa na gari la kutazama. Nilikuwa nachambua maharage, nikakuangalia mpaka ulipopotea nyuma ya nyumba za watu, na picha hiyo sijaipoteza hata leo.

Tukafika Melbourne, Australia, tukapewa nyumba Werribee, nami nikapata kazi ya kupakia brokoli na koliflawa kwenye mashamba ya Werribee South. Zamu ilianza saa kumi na moja alfajiri, na saa hiyo hakuna basi linaloelekea huko. Unajua nilivyohangaika: mara lifti ya mama wa kanisani, mara teksi iliyokula nusu ya ujira wa siku, mara nimekosa vyote, nimekaa kitandani na buti zangu miguuni. Ulipofika miaka 16 ukaja na karatasi ya kibao cha L, kile cha anayejifunza gari, ukaniambia, "Mama, nikipata leseni nitakupeleka mimi." Kisha ukanisomea masharti, nikaishiwa nguvu. Saa 120 za kuendesha kabla ya mtihani, 20 kati ya hizo usiku, na pembeni yako lazima akae mtu mwenye leseni kamili. Mwenye P hafai. Nani kwetu alikuwa nayo? Mimi nilikuwa sijawahi kushika usukani. Mjomba wako alijifunza gari kwa kuwa utingo miaka mitano kwenye lori la mwarabu mmoja Kigoma, lakini mjomba yuko mbali na karatasi zake hazitambuliki hapa.

Ndipo shuleni wakakuandikisha kwenye L2P, ule mpango unaowakutanisha vijana wasio na mtu wa kuwasimamia na watu wa kujitolea, gari likitolewa na mpango wenyewe. Ukapewa yule mzee. Sitaki uchoke kunisikia nikimtaja, maana bila yeye barua hii isingekuwepo. Kila Jumamosi saa tatu alifika mlangoni, akavua kofia, akanisalimia, akasubiri umalize uji. Karibu miaka miwili hiyo. Hakulipwa na yeyote.

Unakumbuka usiku ule wa mvua, barabara ya Duncans? Ulinisimulia mara moja tu, lakini mimi nimeurudia moyoni mara nyingi. Uliingia kwenye kipilefti kwa kasi, gari likateleza kidogo, aliyekuwa nyuma akakupigia honi ndefu. Mikono ikaanza kukutetemeka. Mzee hakupaza sauti. Alikuambia uwashe indiketa, usogee pembeni, uzime injini. Kisha akatoa chupa ya chai miguuni pake, akakumiminia kwenye kifuniko, mkakaa, vipangusio vimesimama katikati ya kioo, mnasikiliza mvua inapiga paa. Hakukuuliza umekosea wapi. Ulipomaliza chai akasema, "Sasa turudi tukakipite tena kile kipilefti." Mkakipita mara nne. Uliporudi nyumbani ulikuwa umelowa jasho ilhali nje ni baridi kali, na kwenye kitabu cha saa ulikuwa umeandika: usiku, mvua, saa moja na dakika arobaini.

Siku nyingine ulirudi umefurahi, ukapanga sahani, kijiko na kopo la chumvi hapa hapa mezani ili unionyeshe watu wa Melbourne wanavyokata kulia pale mjini kwenye reli za tramu, zile treni ndogo za barabarani. Eti unakwenda kushoto kabisa, unasogea mbele ya kivuko cha waenda kwa miguu, unasubiri hapo mpaka taa za barabara ile nyingine ziwe kijani, ndipo unakata kulia ukipita mbele ya wote. Nilikataa kuamini. Ukaisogeza chumvi mara tatu. Tangu siku hiyo nilijua unajifunza kwa moyo, si kwa ajili ya kadi.

Ulipata leseni ukiwa na miaka 18, na hapo mwaka wa kibao chekundu ukaanza. Watu wa kwetu walikuona una maringo. Kwaya ikitoka mazoezini usiku, wamesimama watano wanasubiri lifti, wewe unampakia mmoja na mdogo wako, unaondoka. Walisema mengi. Mama mmoja alinifuata hadi jikoni kuniuliza nimekulea vipi. Nilimweleza kwamba mwenye P nyekundu haruhusiwi kupakia zaidi ya abiria mmoja wa umri wa miaka 16 hadi 21, ndugu wa damu hawahesabiwi, na kwamba sheria hiyo ipo tangu 2008 kwa sababu vijana wakijaa kwenye gari, dereva asiye na uzoefu husikiliza waliomo garini na kusahau barabara. Hakuridhika. Mimi niliridhika. Wewe uliumia kuwaacha wenzako kwenye baridi, nilikuona, lakini hukuwahi kumwongeza wa pili. Wapo wanaosema masharti haya ni kuwabana vijana. Mimi nimetoka mahali ambapo watu arobaini husimama nyuma ya lori lisilo na taa, na nimezika watu waliosimama hivyo. Huku mkanda ulianza kulazimishwa mwaka 1970, jimbo letu la Victoria likitangulia dunia nzima. Nayapenda masharti haya, yote, kwa moyo wangu wote.

Sasa niseme lile ambalo sijawahi kulisema sawasawa.

Siku ya simu. Ulikuwa mwaka wako wa pili wa kijani. Mimi ndiye niliyepiga. Nilitoka zamu, nikajua uko njiani, na bado nikapiga, tena nikarudia, kwa sababu nilitaka ununue mafuta ya kupikia. Ulipokea kwa spika, umesimama kwenye mataa, na trafiki wa pikipiki alikuwa ubavuni mwako. Mwenye P hatakiwi kupokea simu akiwa kwenye usukani, hata kwa spika, na wewe uliijua sheria hiyo kuliko mimi. Uliipokea kwa sababu ni mama anayepiga mara mbili, na kwetu mama akipiga mara mbili mtu anajua kuna msiba. Faini, na pointi 4 za makosa. Kwa mwenye P, pointi 5 ndani ya miezi 12 zinatosha kuletewa barua ya kusimamishwa leseni. Ukaendesha mwaka mzima ukiwa umebakiwa na nafasi ya pointi moja tu, na pointi moja ni kuzidisha kilomita chache tu barabarani. Nilikuwa nakaa pembeni yako alfajiri, nautazama mshale wa spidi umetulia kwenye 55 penye 60, na malori yanatusukuma nyuma kwa taa. Watu walipokuuliza ulisema, "Nilikosea." Hukusema nani alipiga. Hata mdogo wako hajui mpaka leo.

Nisamehe, baba. Sijapiga simu tena ukiwa barabarani tangu siku ile, na sitapiga.

Mwaka jana na mimi nilipata yangu. Kwa umri wangu hawakudai zile saa 120, na nikaanzia moja kwa moja kwenye kijani, miaka 3. Kwa hiyo vibao hivi nilivyovitoa leo sijavitupa. Alfajiri nitavirudisha mwenyewe, maana gari ni lile lile na mimi bado nina miaka miwili. Ndiyo maana pia siwezi kumsimamia mdogo wako. Amefika saa 31 kwa kuomba omba: mama wa kanisani akipata nafasi, mwalimu wa kulipwa mara moja moja. Zimebaki 89, na za usiku hajazigusa kabisa. Binti ana miaka 17 na kila Ijumaa anakihesabu kitabu chake kama mtu anayehesabu akiba isiyokua.

Kuanzia saa sita usiku huu, wewe ndiye mtu pekee katika nyumba hii anayeruhusiwa kukaa kiti cha kushoto pembeni yake.

Najua wenzako wataona mengine kwanza. Kwamba kikomo chako sasa ni pointi 12 kwa miaka 3. Kwamba unaruhusiwa kuendesha yale magari yenye injini kali yaliyokatazwa kwa wenye P. Kwamba pombe haiwi sifuri tena, unaruhusiwa chini ya 0.05 kwenye kipimo cha pombe. Juu ya hili la mwisho nakuomba kitu. Ibakize sifuri. Miaka minne umeishi bila kukisia umekunywa kiasi gani, usianze kukisia sasa, na hasa usikisie siku unayomsimamia mtoto, kwa sababu sheria ya pombe inamkamata msimamizi kama inavyomkamata dereva.

Mdogo wako si wewe. Wewe ulikuwa unasimama kwenye kona na gari la waya. Yeye anakimbilia kwenye kona ili aone kuna nini. Atafunga breki ghafla, atasahau kioo cha pembeni, atakujibu vibaya kwa sababu wewe ni kaka yake na si mzee wa watu. Utataka kumwambia, "Nilishakwambia." Nimekusikia ukimwambia hivyo kwenye hesabu, na aliifunga daftari. Garini hakuna daftari la kufunga. Akikosea, mwambie awashe indiketa, asogee pembeni, azime injini. Chupa ya chai ipo, ile ya bluu, kifuniko chake bado kizima. Mkae. Kisha mrudi pale pale.

Mjini kwenye tramu usimpeleke mpaka afike saa 60 hivi. Anzeni na ile maegesho ya nyuma ya uwanja wa mpira, Jumapili baada ya ibada, watu wakishaondoka. Duncans muingie wakati bado kuna mwanga, halafu jua lizame mkiwa humo humo, ili saa zake za kwanza za usiku zianze bila yeye kushtuka. Kitabu aandike mwenyewe, wewe utie sahihi. Usimwongezee hata dakika tano. Yule mzee hakuwahi kukuongezea.

Na ukipata Jumamosi tulivu, mpitie. Nimesikia goti linamsumbua na hatoki sana. Usimpigie kwanza, nenda tu, na leseni yako mfukoni kama itakuwa imefika. Nitakufungia mandazi.

Saa sita imegonga. Nimesikia saa ya ukutani, na nimeinuka kukuchungulia mlangoni. Umelala umekunja ngumi moja chini ya shavu.

Vibao vya njano vya mdogo wako viko kwenye droo ya vijiko, vyekundu vyako vya zamani vipo chini yake, sikuwahi kuvitupa, navyo atavihitaji. Hivi vya kijani naviweka mlangoni juu ya buti zangu. Nikirudi saa nane mchana nitavitoa na kukukabidhi funguo.

Mama yako