Taarifa ya Mwaka ya Mwenyekiti: Mwaka wa Kutazama na Kuandika

Wanachama wenzangu wa chama cha kutazama anga, habari zenu.

Naandika taarifa hii daftari la usiku likiwa mezani, lile ambalo jalada lake limejikunja kwa umande, maana nikitegemea kumbukumbu ya kichwa tu ntaruka mengi. Mambo ya kawaida nayamaliza haraka. Hesabu za chama ziko sawa na mweka hazina atazisoma mwenyewe kwenye mkutano, ada karibu wote mmelipa na nawashukuru, na darubini kubwa imerudi kazini baada ya kioo chake kupakwa upya alumini. Kilichotokea mnakijua, kuna mwenzetu alifuta vumbi kwa kitambaa kikavu akiwa na nia njema kabisa ya kusaidia, kioo kikachubuka. Simtaji na sitaki atajwe. Ila jamani, kioo cha darubini hakifutwi, vumbi kidogo halizuii kitu, mkwaruzo ndo unaoharibu.

Sasa nije kwenye lile lililonikalia moyoni mwaka mzima. Mkutano uliopita tulikubaliana tuachane na kufuata orodha ya Messier ya vitu vya angani kwa namba, yaani M1, M2, M3 mpaka mtu anachoka, tukasema tufuate vitu kwa mpangilio ambao watu walivigundua. Kuna waliosema tunajizungusha bure, mbinguni si ni kule kule. Niliwaelewa, lakini baada ya huu mwaka sitaki kurudi kwenye utaratibu wa zamani.

Tulianza na galaksi ya Andromeda. Mwanafalaki wa Kiajemi, al-Sufi, aliiandika mwaka 964 kama wingu dogo, karne nyingi kabla ya darubini. Kwa hiyo usiku ule tulifunika darubini zote, tukakaa gizani nusu saa bila simu wala tochi, halafu kila mtu aitafute kwa macho matupu. Wa kwanza kuiona alisema ni kama mtu kapumulia kioo. Nimeyaandika maneno hayo kwenye daftari kama alivyoyasema, na mpaka leo sijapata maelezo yanayoizidi hiyo sentensi, na ukumbuke hiyo pumzi kwenye kioo ni mwanga ulioondoka kule kama miaka milioni 2.5 iliyopita.

Kisha tukaja kwa Messier, mwanafalaki wa Kifaransa mwenye ile orodha, na hapa ndo wengi mligeuza mawazo. Huyu bwana alikuwa Paris akiwinda nyotamkia, nebula, yaani vijiwingu vya angani, hakuwa na habari nazo. Agosti 1758 akiwa anafuatilia nyotamkia moja akakuta kijiwingu kwenye kundi la nyota la Ng'ombe, akadhani ni nyotamkia nyingine, akangoja, hakikusogea. Kile ndo sasa tunakiita M1, Nebula ya Kaa, mabaki ya nyota iliyolipuka na kuonekana na Wachina mwaka 1054. Mwingereza John Bevis alikuwa ameshakiona 1731, lakini Messier ndo aliamua kuandika orodha ya vitu vya namna hiyo ili visimdanganye tena yeye wala wenzake. Orodha ya kwanza ya 1774 ilikuwa na vitu 45, ya 1781 ikafika 103. Yaani hazina yote tunayoikimbilia kila usiku usio na mwezi ilianza kama orodha ya vitu vya kupuuza! Mimi hili jambo lilinikaa sana kichwani, kwamba mtu aliandika hata kile ambacho hakikuwa anachokitafuta.

Kwa wenye darubini ndogo wanaoona aibu kuzileta, mkumbukeni Lacaille, mwanafalaki wa Kifaransa. Alienda Rasi ya Tumaini Jema 1751, akapima anga la kusini kwa darubini ambayo lenzi yake haikufika hata sentimita mbili, akaondoka na vitu 42 kwenye orodha yake. Haikufika sentimita mbili. Zileteni.

Sehemu iliyonigusa zaidi ni ya akina Herschel, na naomba mnivumilie nikae hapo kidogo. Sote tunamjua William, maelfu mawili na nusu ya nebula na mafungu ya nyota kwenye orodha tatu, ya mwisho ikiwa ya 1802. Lakini ukisoma walivyokuwa wanafanya kazi utaona ile kazi ni ya watu wawili. William yuko juu nje gizani, jicho kwenye lenzi, anapaza sauti anachokiona, na dada yake Caroline yuko kwenye taa na saa anaandika, anaandika, usiku kucha, ili kaka asiangalie mwanga macho yake yakapoteza mazoea ya giza, halafu asubuhi Caroline huyo huyo anakaa kupiga hesabu za mahali kila kitu kilipo. Na usidhani alikuwa karani tu, mwenyewe aligundua nyotamkia nane, na Septemba 1783 kwa darubini yake ndogo akapata galaksi tunayoiita NGC 253.

Basi tukawaiga. Wawili wawili, mmoja kwenye darubini haruhusiwi kugusa taa wala simu, mwingine nyuma ya turubai na tochi nyekundu anaandika kila anachosikia, na sheria moja tu, anayeandika harekebishi maneno. Tulichagua hiyo hiyo NGC 253 ya Caroline. Huu hapa ukurasa wa usiku ule: "Ndefu, imelala. Kati haing'ai kama nilivyotegemea. Nikiikodolea inapotea, nikiangalia pembeni inarudi. Ina mabaka. Sina hakika na mabaka. Ndio, yapo." Wiki mbili baadaye jozi nyingine, ambao hawakuonyeshwa ukurasa huo, wakaandika "kama imepakwa rangi na brashi mbovu". Ni mabaka yale yale! Ni vumbi la galaksi iliyo umbali wa kama miaka ya nuru milioni 11 (mwaka wa nuru ni umbali ambao mwanga unasafiri kwa mwaka mmoja), limeonwa na watu wawili wasioambizana kitu, na tunajua hivo kwa sababu tu kuna aliyekuwa anaandika. Yule aliyesema "sina hakika" aliniomba baadaye niifute ile sentensi. Nilikataa. Ile ndo sentensi bora ya ukurasa mzima.

Mbele ya hapo tuliendelea haraka kidogo maana mawingu yalitunyima miezi miwili. Tulitazama Jicho la Paka, nebula ambayo mwanafalaki Mwingereza William Huggins mwaka 1864 aliuchambua mwanga wake kwa rangi, akakuta mistari michache ya kijani badala ya rangi zote mfululizo, akajua kwamba ile ni gesi kweli, sio nyota nyingi zilizosongamana. Na tukarudi Andromeda kumalizia na Edwin Hubble, mwanafalaki wa Marekani. Oktoba 1923 kwenye kioo cha picha alikuwa ameweka alama akidhani kapata nyota za kulipuka, moja akaikata na kuandika kwamba ni nyota inayobadilika, na kwa kanuni ya Henrietta Leavitt ya 1912, kwamba muda wa kubadilika kwa nyota za namna hiyo unaonyesha mng'ao wake halisi, akapata umbali wa karibu miaka ya nuru 900,000. Namba ilikuja kupanda sana, lakini ilitosha kuonyesha lile wingu la al-Sufi liko nje kabisa ya galaksi yetu. Alama moja iliyokatwa na neno lililoandikwa pembeni yake.

Sasa malalamiko yangu, na nayasema kwa upendo. Kurasa nyingi za nusu ya pili ya mwaka ni tupu. Mnapiga picha nzuri, nazipenda, lakini picha inakuja bila saa, bila filta iliyotumika, wakati mwingine hata tarehe hamna. Mei 2023 Koichi Itagaki wa Japani alipogundua nyota iliyolipuka kwenye galaksi ya M101, watafiti waliomba picha za wapenzi wa anga zilizopigwa saa chache kabla, wakapata mwanga wa mwanzo kabisa wa ule mlipuko kwa watu ambao hata hawakujua wamekuwa nao. Picha isiyo na saa isingewafaa kitu. Na kwa wanaosema hakuna kipya cha kuonwa na sisi wa kawaida, Januari 2023 wapenzi wa anga Drechsler, Strottner na Sainty walitangaza tao kubwa la oksijeni kando ya Andromeda, galaksi iliyopigwa picha kuliko karibu zote, na hakuna aliyekuwa amelitambua. Sainty alikusanya mwanga kwa zaidi ya saa 100 ili kulithibitisha.

Kwa hiyo mwaka ujao kamati inapendekeza tubaki na utaratibu wa jozi, na daftari lipitiwe kila mkutano. Nafasi ya katibu iko wazi, naomba ajitokeze mtu anayependa kuandika. Mada itakuwa nebula za gesi, tunaanza na ile ya Jabari, M42, ambayo Peiresc aliiona kwa darubini 1610. Njooni na penseli, kalamu ya wino inagoma karatasi ikiwa na umande. Na aliyebaki na filta ya oksijeni ya chama airudishe kabla ya usiku wa kwanza, tunaihitaji.

Mwenyekiti wenu