Barua ya wazi kwa waigizaji wachanga: uso mmoja hautoshi

Wanangu,

Mwezi uliopita mwigizaji alikuwa daktari, mwezi huu ni jambazi. Kilichobadilika ni shati tu. Sauti ni ile ile, mkono kiunoni ule ule, na nyusi zinapanda kila akishangaa. Nimeyaona haya katika tamthilia zenu hadi yamenikera, na sitanyamaza.

Mtazameni Hugo Weaving, mwigizaji Mwaustralia aliyezaliwa Ibadan, Nigeria, mwaka 1960. Wengi mnamjua kwa suti na miwani myeusi ya Agent Smith, adui katika filamu ya The Matrix (1999), mkaishia hapo. Chuo cha maigizo cha NIDA, Sydney, alimaliza 1981. Hesabuni hadi The Matrix: miaka 18. Katika miaka hiyo alikuwa nahodha wa kriketi wa Uingereza katika tamthilia ya Bodyline (1984), kipofu anayepiga picha katika Proof (1991), mwanamume anayetumbuiza kwa magauni ya kike katika Priscilla (1994), kisha sauti ya mbwa Rex katika Babe (1995). Nani kati yenu angekubali kuwa sauti ya mbwa?

Sauti ndiyo mnayoniudhi nayo zaidi. Msikieni Smith akimwita shujaa wa filamu "Mister Anderson". Hapayuki, anavuta silabi mojamoja, nawe unahisi baridi. Kiswahili chetu kinaweka mkazo kwenye silabi ya pili kutoka mwisho, nanyi mnauacha ujiendee wenyewe. Chukueni neno "nimekuelewa". Silabi sita, mkazo upo kwenye "le". Litamke kwanza kama kawaida. Mara ya pili ondoa mkazo, silabi zote ziwe na uzito mmoja na urefu mmoja: huyo ni mtu wa kuogopwa, na hujapandisha sauti hata kidogo. Mara ya tatu simama kidogo kabla ya "le": huyo hajaelewa, anaficha. Neno moja, watu watatu. Msikwaruze koo kutafuta ubabe. Koo likikwaruzwa linachoka upesi, na sauti ya kesho haitaoana na ya leo. Mhariri ataunganisha onesho moja lenye watu wawili ndani ya mwili mmoja. Badilisheni mwendo na pumzi, koo mliache.

Kisha barakoa. Katika filamu ya V for Vendetta Weaving alichukua nafasi ya mwigizaji James Purefoy, aliyeondoka kazi ikiwa imeshaanza, na uso wake hatuuoni filamu nzima. Barakoa haina nyusi za kupandisha. Ikiinama, kivuli kinashuka machoni na inaonekana ina huzuni; ikiinuka, inapokea mwanga na inachangamka. Jaribuni: kateni karatasi ngumu nyeupe, toboeni matundu mawili ya macho, simu iwe hatua tatu mbele, taa itoke juu upande mmoja. Semeni sentensi tano, kisha tazameni mlichorekodi bila sauti. Kichwa kikitikisika kila neno, hakisomeki. Wazo moja, mgeuko mmoja, halafu tulieni.

Mengine mnayajua, hamyatendi tu. Someni mistari ya mwenzenu pia. Fikeni mapema. Rudini jukwaani: mwaka 2013, pamoja na umaarufu wote ule, Weaving alikuwa Sydney akicheza mchezo wa jukwaani wa Waiting for Godot na mwigizaji mwenzake Richard Roxburgh.

Nanyi watayarishaji, lawama hii ni yenu pia. Mnachagua mwigizaji kwa wingi wa wafuasi mtandaoni, mnamkabidhi skripti asubuhi ya kurekodi, na jioni mnalalamika kwamba hana kina. Kina atakitoa wapi? Mpeni siku tatu na maandishi kabla ya kamera kuwashwa. Siku tatu hazifilisi mtu.

Wanangu, sina kinyongo nanyi. Vipaji mnavyo, navyo vinaozea kwenye nyusi. Anzeni na lile neno usiku wa leo. Rekodini mara tatu, zimeni taa, msikilize bila kujitazama, kisha mwiteni mtu wa nyumbani awaambie amesikia watu wangapi.