Barua kwa Hadija kuhusu rufaa ya baba mdogo

Kampala

Dada Hadija,

Assalamu alaikum. Poleni sana na msiba. Nifikishie pole kwa Mama Yasini na wazee wote wa Bombo. Mola amrehemu baba mdogo.

Umeuliza kama rufaa yake ya kupinga hukumu ya jinai itaendelea, maana alikuwa anangoja tarehe ya kusikilizwa tu. Nimemwuliza wakili wa ofisini kwetu, nami nimesoma kidogo. Haitaendelea, dada. Hapa Uganda mrufani wa kesi ya jinai akifariki, rufaa yake inakoma. Majaji wataonyeshwa cheti cha kifo, wataandika kwamba rufaa imekoma, na faili litafungwa. Hawatasema kama alionewa au alitenda. Hukumu ya kwanza inabaki pale pale, ndiyo inayomuuma Mama Yasini.

Sababu yao ni kwamba adhabu ni ya mtu mwenyewe, hairithiwi. Huwezi kumfunga mtoto kwa kosa la babake. Hapo sina ubishi. Lakini angalia upande wa pesa. Hapo Kenya tu, ukivuka Busia, sheria yao inasema rufaa itokayo mahakama za chini hukoma mrufani akifa, isipokuwa ile ya kupinga faini. Faini huliwa kwenye mirathi, kwa hiyo warithi wanasikilizwa. Yaani shilingi ina mtetezi, jina la marehemu halina!

Marekani kwingi wamekwenda kinyume kabisa. Kenneth Lay, mkubwa wa Enron, kampuni ya nishati iliyofilisika na akiba za watu, alitiwa hatiani kwa ulaghai Mei 2006, akafa Julai kabla hajapangiwa adhabu. Oktoba jaji akaifuta hatia yote, kana kwamba hajawahi kushtakiwa. Hilo nalo silipendi, kwani waliopoteza akiba zao waliachwa na nini? Jimbo la Massachusetts huko huko walikuwa na desturi hiyo hiyo mpaka 2019, walipoiacha katika kesi ya Aaron Hernandez, mchezaji wa mpira wa Kimarekani aliyefia gerezani. Sasa hatia inabaki, ila kumbukumbu inaandikwa kwamba rufaa ilikatwa na haikuamuliwa.

Iliyonigusa ni ya New Zealand. Peter Ellis alitiwa hatiani 1993 kwa kudhalilisha watoto wa shule ya chekechea mjini Christchurch, akafa 2019 rufaa yake ikiwa Mahakama ya Juu. Majaji wakasikiliza hoja za mila za Wamaori, wenyeji wa asili wa nchi hiyo, kwamba heshima ya mtu haizikwi naye, na ukoo wake una haki ya kuitetea. Wakaruhusu rufaa iendelee, na Oktoba 2022 wakaifuta hatia. Na Ellis mwenyewe hakuwa Mmaori! Mawazo hayo si mageni kwa wazee wetu, sijui kwa nini mahakama zetu zisiyasikilize. Hata Waingereza, tuliorithi sheria kwao, tangu 1995 mjane au ndugu anaweza kuomba idhini ya kuendeleza rufaa ya marehemu.

Kwa sasa fuatilieni cheti cha kifo NIRA, ile mamlaka ya kusajili vizazi na vifo, nakala mpelekeeni wakili wake. Halafu mwulizeni hasa kuhusu ile amri ya fidia iliyokuwa ndani ya hukumu: je, warithi wanaweza kuipinga? Asiwajibu juu juu. Msiuze ng'ombe wala kipande cha shamba kulipa chochote kabla hajawajibu kwa maandishi.

Nakuja Ijumaa kwa dua, inshallah.

Wako,
Swaleh